Tasi asiyefika shibiri mwacheni baharini

Jumamosi iliyopita nilishuka sokoni mapema kutafuta kitoweo, nikakuta meza nzima imejaa tasi. Mwanzo nilifurahi mana mi tasi nampenda kuliko changu, kuliko hata nguru, ila nilipokaribia furaha ikaisha. Walikua wamepangwa mafungu ya kumi kumi na kila mmoja urefu wake ni kama kidole changu cha kati, ukijumlisha mkia labda na zaidi kidogo. Bado wana yale madoadoa yao, macho meusi maangavu, yani wametoka majini asubuhi hiyo hiyo. Nikamuuliza mchuuzi, kaka mbona wadogo hivi, akanijibu dada ndo wanaopatikana hao, chukua mafungu mawili nikupunguzie.

Nikachukua fungu moja, na hilo ndo linaloniuma mpaka leo. Nilipofika nyumbani nikakaa na kisu changu nikaanza kuwatumbua, kila nikipasua tumbo nakuta utumbo mwembamba mrefu umejikunja kunja kama kamba, umejaa majani ya kijani yaliyosagika, basi. Hamna mayai. Hamna hata dalili ya mayai, kumi wote. Samaki kumi ambao hawajawahi kuzaa hata mara moja katika maisha yao, na baada ya kukaanga nyama yao haikutosha sahani za watu watatu.

Ndo nikasema hili lazima niliandike, mana naona tunalaumu wavuvi kila siku, tunalaumu serikali, tunalaumu hali ya hewa, ila yule tasi wa kidole anavuliwa kwa sababu mimi na wewe tunamnunua. Tukiacha kumnunua hatovuliwa. Kwa ufupi nachotaka kusema ni hicho, mengine yote hapa chini ni kueleza kwanini naona samaki huyu anastahili kutetewa, na sio samaki yoyote tu.

Kwa wasiomjua, tasi ndo huyo huyo ambae Wakenya wanamuita tafi. Ni samaki bapa wa rangi ya kijivu au kahawia hivi, ana kidomo kidogo kama cha sungura, na Waingereza kwa kweli wanamuita samaki sungura. Magamba yake ni madogo mno ukimshika unadhani hana, ndo mana hapewi shida ya kuparwa jikoni. Duniani kuna aina karibu 30 za jamii hii lakini huyu wetu mkubwa wa sokoni kitaalamu anaitwa Siganus sutor, na anapatikana upande wetu huu tu wa magharibi ya Bahari ya Hindi, Kenya, Tanzania, Msumbiji, Komoro, Madagaska, Shelisheli mpaka Morisi. Yani Mungu amempa pwani hii akatuachia sisi. Sutor kwa Kilatini ni fundi viatu, na Shelisheli wanamuita kordonnyen, maana yake ni hiyo hiyo fundi viatu. Mi nikikumbuka miba yake naiona kabisa ile sindano ya fundi viatu inavyotoboa ngozi.

Na miba yake naijua vizuri. Babu yangu mzaa mama alikua mtu wa madema, ile mitego ya samaki ya kusuka, upande wa Chwaka, Unguja, na nilipokua na miaka nane au tisa hivi alikua ananiruhusu kwenda ufukweni kumsubiri ngalawa ikirudi. Siku moja nikatumbukiza mkono kwenye tenga nimtoe tasi mkubwa nimuoneshe bibi. Samaki alikua ameshakufa kitambo, mi nikajua basi hana madhara. Mwiba wa mgongoni ukaniingia chini ya kidole gumba. Sijui nieleze vipi yale maumivu, sio kama kuchomwa na mwiba wa kawaida, yanaanza kidogo alaf yanapanda, yanapanda mpaka kwenye kwapa, mkono unakua mzito kama sio wako, na mi nalia mpaka sauti imekauka. Mjomba akanibeba mpaka jikoni kwa bibi, bibi akachukua maji ya moto kwenye birika akachanganya na ya baridi, akaweka kwanza mkono wake yeye kupima yasije yakaniunguza, alaf akanizamisha mkono kwenye bakuli akanishikilia. Baada ya kama robo saa maumivu yakaanza kushuka. Kila maji yakipoa anaongeza.

Ukubwani ndo nikajua bibi alikua sawa kabisa. Sumu ya tasi ni ya protini, haivumilii joto, ukiweka sehemu iliyochomwa kwenye maji ya moto unayoweza kuyastahamili inavunjika nguvu. Na miba yenyewe ipo 24, kumi na tatu mgongoni, saba chini karibu na mkia, na minne kwenye mapezi ya tumboni. Na samaki akifa sumu haifi nae hapo hapo, kwahiyo dada na kaka mnaowasafisha nyumbani kateni miba kwanza kwa mkasi, mie sikuambiwa nikajifunza kwa machozi.

Sasa samaki mwenye silaha zote hizo utadhani ni mkorofi. Wala. Tasi hana ugomvi na mtu, maisha yake yote ni majani. Akiwa mdogo anaishi kwenye yale malisho ya chini ya maji, majani marefu ya baharini unayoyaona yanalala na mkondo maji yakipwa, na kwenye mikoko. Asubuhi kukicha wanatoka makundi makundi wanachunga kama mbuzi, wanakula majani, wanakula mwani, wanakwangua ule ukoko wa kijani kwenye mawe, mpaka magharibi. Usiku wanalala. Na wakilala wanabadilika rangi, mwili unakua na mabaka mabaka meusi na meupe, ukipita na tochi unaweza ukampita hapo hapo kati ya majani usimuone. Babu alikua anasema tasi akilala anavaa shuka.

Kuna jambo moja lingine ambalo mi lilinigusa sana niliposoma. Australia, kule kwenye matumbawe makubwa ya Great Barrier Reef, watafiti wawili Simon Brandl na David Bellwood walitoa utafiti wao mwaka 2015 kuhusu jamii za tasi wanaotembea wawili wawili. Wakaona mmoja akiinamisha kichwa kwenye mwanya wa jiwe kula, mwenzake anakaa juu kidogo ameinua kichwa anaangalia pande zote kama kuna adui, yeye hali kitu wakati huo. Alaf wanabadilishana zamu. Na anaepata mlinzi anaweza kula kwa utulivu zaidi na kuingiza kichwa ndani zaidi. Kuna watu wanadhani samaki hana akili yoyote, ni kitoweo kinachotembea tu, lakini hapo kuna kuaminiana kabisa, wewe leo nikulinde na mimi kesho unilinde.

Turudi kwenye mayai sasa, mana hapo ndo penye ishu yenyewe.

Tasi anafuata mwezi. Huyu wetu anataga zaidi kuzunguka mwezi mpevu, na wakati huo tasi wakubwa wanatoka huku na kule kwenye malisho yao wanakusanyika sehemu moja, sehemu ile ile wanayoijua, wengi kwa mamia, wanataga alaf wanatawanyika. Shelisheli karibu na kisiwa cha Praslin wavuvi wa madema wanazijua sehemu hizo toka zamani, na wanasayansi wamezifuatilia kule na kwenye pwani ya kusini ya Kenya pia wakakuta hivo hivo. Babu hakusoma hata darasa moja la kidunia lakini alikua anahesabu, mwezi kumi na nne, kumi na tano, kumi na sita, wakati wa kaskazi, anasema siku hizi tasi wana harusi. Na nakumbuka alikua akipata majike wenye matumbo yamejaa alikua hafurahi sana kama ambavyo ungetarajia, alikua anasema kwa bibi, leo tumekula na wajukuu wao.

Uzuri wa tasi ni kwamba anakua haraka. Sio kama chewa ambae unamsubiri miaka. Tasi ukimpa mwaka mmoja, mwaka na kitu, akifika zaidi ya sentimita 20 hivi ndo anaanza kuzaa, na jike mmoja mkubwa anatoa mayai mengi mno, ni laki kadhaa. Kwahiyo hatuombi miujiza hapa, hatusemi tufunge bahari miaka kumi. Tunasema muacheni atage mara moja. Mara moja tu! Yule wa kidole niliemnunua mimi alikua anahitaji miezi michache tu zaidi, na angekua na uzito mara kumi ya ule na angeacha watoto nyuma. Tumemla kabla ya faida zote mbili.

Na sio suala la kitoweo peke yake. Mwaka 1998 bahari yetu ilipata joto kali, matumbawe yalikua meupe alaf yakafa sehemu nyingi sana za pwani hii, wazee wanakumbuka. Tumbawe likifa linaota mwani juu yake, na mwani ukishashika nafasi, tumbawe changa halipati pa kujishikiza. Sasa nani anausafisha ule mwani? Ni hawa walaji majani, tasi, pono, kangaja. Kule kule Australia kwenye kisiwa cha Orpheus waliweka vipande vya mwani mkubwa kwenye matumbawe wakaacha kamera chini ya maji bila mtu, kuja kuangalia video mlaji mkubwa wa ule mwani alikua tasi, aina ambayo hata wazamiaji walikua hawamuoni kwa wingi mana akimuona mtu anakimbia. Yani kazi inafanyika na mfanyakazi haonekani. Kwahiyo ukimmaliza utakuja kujua alikua na kazi gani pale umeshachelewa.

Najua kuna watakaoniambia mbona tasi mwenyewe ni mharibifu. Ni kweli wapo pahala wameharibu. Mfereji wa Suez ulipofunguliwa 1869 aina mbili za tasi wa Bahari ya Shamu zikapita mpaka Mediterania, ya kwanza ikaonekana kule miaka ya 1920 na ya pili miaka ya 1950, na leo pwani za Uturuki na Ugiriki kuna miamba imebaki mitupu wamekula kila kitu. Lakini hiyo ni bahari isiyo yao, mimea ya kule haikuwajua. Huku kwetu wamekua na hayo majani toka dunia iumbwe, majani yanaliwa na yanaota.

Malalamiko ambayo nayaheshimu zaidi ni ya kina mama wa mwani. Kilimo cha mwani kilianza Unguja mwaka 1989 upande wa Paje na Jambiani, kikaenea, na wengi wanaofanya kazi hiyo ni wanawake. Shangazi yangu mmoja alilima miaka mingi. Unafunga mwani kwenye kamba siku nzima umeinama maji ya kiunoni, mgongo unakufa, ukirudi bamvua linalofuata, maji yakipwa sana tena, unakuta kamba nyingine tupu, tasi wadogo wamepita wameng'ata vichwa vyote vichanga. Inauma, siwezi kumwambia mtu kama yeye ampende tasi. Ila hata shangazi mwenyewe alikua anasema tasi anakuja sana shambani pale ambapo majani ya asili yamekwisha, na majani ya asili yanakwisha kwa nini, kwa majuya ya kukokota, zile nyavu kubwa zinazoburuzwa chini, yanang'oa kila kitu mpaka mizizi, na kwa mashamba yenyewe ya mwani yakisafishwa majani yote chini yake. Ukimnyima mbuzi porini atakuja bustanini.

Juya la kukokota Kenya lilipigwa marufuku 2001, na kwetu pia haliruhusiwi, lakini kila mtu anaeishi pwani anajua yanavutwa bado, na lile fungu la Jumamosi kwa ule udogo sina shaka kwamba lilitoka kwenye nyavu ya macho madogo iliyokokotwa. Dema haliwezi kukupa tasi wote wa saizi moja ya kidole hivo. Na hata hayo madema, wenzetu wameyatengeneza vizuri zaidi. Kwenye lagoon za Kenya, yale maji yaliyo ndani ya miamba, walijaribu madema yenye mwanya mwembamba wa kusimama pembeni, samaki mdogo bapa anapita anatoka zake, mkubwa anabaki. Watafiti Timothy McClanahan na mwenzake Emmanuel Mbaru walichapisha matokeo 2013, samaki waliobaki walikua wakubwa zaidi na kipato cha mvuvi kikapanda, hakikushuka. Mimi nikisoma hivo najiuliza babu angesemaje, nadhani angecheka alaf angechukua kisu akaenda kupanua matundu ya dema lake jioni hiyo hiyo.

Jamaa zetu wa Ghuba nao wana tasi wao, wanamuita safi, na wanamthamini sana, nenda Muscat au Dubai uulize safi uone bei. Falme za Kiarabu waliweka katazo la kumvua safi wakati wa kutaga, mwezi wa 3 na wa 4, na wakakataza sio kuvua tu, hata kumuuza sokoni. Hapo kwenye kuuza ndo penye akili. Mvuvi akijua akileta hanunuliwi anamrudisha, anamrudisha mwenyewe bila boti ya doria. Sisi huku mfano tunao pia, Kisiwa Panza kule Pemba wanakijiji wenyewe wanafunga miamba kwa muda pweza wakue, alaf wanafungua siku moja wanavuna wakubwa. Kama tumeweza kwa pweza, siku nne tano za mwezi mpevu kwenye sehemu anazotagia tasi haziwezi kutushinda.

Lakini mimi sio mbunge wala sio afisa uvuvi, mimi ni mnunuzi. Kwahiyo kipimo changu ni cha mkononi. Shibiri na vidole viwili. Unatandaza mkono wako juu ya samaki, kidole gumba kwenye pua yake, kidole kidogo kiishie kabla ya mkia na vidole viwili vipate nafasi. Akifika hapo ana karibu sentimita 22, 23, kuna uwezekano mkubwa ameshazaa. Asipofika, unamuachia mchuuzi na unamwambia sababu, kwa heshima, usimgombeze, mana na yeye anatafuta riziki na hajaenda baharini yeye. Mwambie tu kaka, nikipata wakubwa nanunua kwako kila wiki, na ukipata kweli ununue kweli.

Nilishaulizwa na rafiki yangu, sasa maskini ambae uwezo wake ni fungu la buku mbili ale nini. Nimelifikiria sana hilo swali mana mi mwenyewe nimelelewa na mafungu. Jibu langu ni kwamba fungu la tasi wa kidole ni ghali kuliko linavyoonekana. Toa kichwa, toa utumbo, toa miba, pima kilichobaki. Kwa pesa hiyo hiyo dagaa wanakupa chakula zaidi, na dagaa hata akiwa mdogo ndo ukubwa wake huo. Alaf huyo maskini ndo wa kwanza kukosa tasi wakiisha, mwenye pesa atanunua samaki wa friza kutoka nje, hatohisi kitu.

Jana nilirudi kwa yule yule mchuuzi. Alikua na tasi watatu tu wakubwa pembeni, amewafunika na gunia bichi, na mafungu ya wadogo mbele. Nikatandaza mkono juu ya wale watatu mmoja mmoja, yeye ananiangalia tu, wote wakapita. Bei ilikua kubwa na nililipa. Nikawakata miba kwa mkasi pale pale kwenye meza yake, akaniuliza dada hivi unapima nini na mkono, nikamueleza yote haya niliyoandika hapa, amesimama na kisu mkononi ananisikiliza. Hakuniahidi kitu. Nyumbani nikapaka chumvi, ndimu, kitunguu thomu na pilipili mbuzi, nikachoma kwa makaa ya vifuu, nikamalizia na tui zito, na mwanangu wa miaka sita ambae huwa anasumbua kula samaki alimaliza upande mzima akaomba na kichwa.